Mmesameheana na mtu wako? Pole, kesi bado iko kortini

Wasee, hii stori mmeiona kwa ploti yenu, kama si kwa keja yenu. Ijumaa usiku jamaa anarudi amelewa, maneno yanaanza juu ya doo ya nyumba, mara ngumi, mara manzi anakimbia kwa makarao mdomo umefura. Anaandikisha OB, anapewa fomu ya P3, daktari anaijaza, jamaa analala ndani. Jumatatu yuko mbele ya hakimu Makadara, anakana mashtaka, anapewa bondi. Wiki mbili baadaye wazee wa pande zote wamekaa chini, jamaa ameomba msamaha, wawili hao wamepost picha wakicheka. Mtaa mzima unasema kesi imeisha.

Haijaisha.

Cheki ile karatasi ya mashtaka. Haijaandikwa bibi dhidi ya bwana. Imeandikwa Jamhuri dhidi ya jamaa. Wewe uliyepigwa ni mlalamishi na shahidi, lakini mwenye kesi ni serikali, kupitia Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, yaani DPP. Na hata DPP hawezi kuamka tu aitupe. Kifungu cha 157 cha Katiba kinamtaka apate ruhusa ya korti kwanza.

Hapa ndipo watu huchomeka. Jamaa akishasamehewa anaacha kwenda kortini. Siku ya kesi jina linaitwa, hayuko, hakimu anatoa waranti, na yule beshte aliyemsimamia dhamana anaanza kuota logbuku ya gari yake ikienda. Manzi naye anazima simu akidhani bila yeye hakuna kesi. Ni kweli kwa kesi nyingi sheria haikulazimishi kutoa ushahidi dhidi ya mtu mmeoana. Lakini kama aliyeumizwa ni wewe mwenyewe, au mtoto, korti inaweza kukuita kwa lazima, na ukikataa kuja unaweza kuletwa na karao.

Kuna njia ya halali. Sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, kifungu cha 204, inamruhusu mlalamishi aombe kuondoa malalamishi wakati wowote kabla ya uamuzi wa mwisho. Unasimama mbele ya hakimu na kusema mwenyewe kwamba unataka kuacha, na kwa nini. Hakimu akiridhika na sababu zako anaweza kukubali, na jamaa anaachiliwa huru kabisa. Kifungu cha 176 nacho kinaipa korti nafasi ya kuwapatanisha kwa shambulio la kawaida na makosa mengine ya kibinafsi yasiyo mazito, hata kwa fidia, kisha isimamishe kesi.

Lakini ile "akiridhika" si ya kupamba sheria. Hakimu anaweza kukuuliza kama kuna mtu amekutisha, kama umelipwa, kama bado mnaishi pamoja. Na anauliza kwa sababu sote tunajua vile msamaha mwingine hupikwa. Mama mkwe amekuambia utafungisha baba ya watoto wako. Jamaa ndiye analipa fees. Wazee wamekula mbuzi na hakuna aliyekuuliza wewe unataka nini. Mimi hapo niko upande wa hakimu mkorofi. Kama uliamua kwa hiari, maswali matano hayatakudhuru. Kama ulisukumwa, hayo maswali yanaweza kuwa nafasi yako ya mwisho ya kusema.

Uzito wa kosa pia una maneno. Kujeruhi kwa kifungu cha 251, adhabu yake ikifika miaka 5, bado sheria inakiita kosa dogo, kwa hivyo mapatano yanawezekana. Ukimkata mtu panga ukamwacha na jeraha baya, hiyo ni kifungu cha 234, kifungo kinaweza kuwa cha maisha, na ya 176 haikuguzi. Kesi za dhuluma za kingono nazo, uamuzi wa kuziacha haumo mikononi mwa familia. Ni kweli mwaka wa 2013 Mahakama Kuu ya Nairobi ilikubali kesi ya mauaji iondolewe baada ya familia mbili kuelewana kimila, na mawakili walibishana sana. Usiipangie maisha yako juu ya hiyo moja.

Na kama unaondoa kesi lakini roho haijatulia, sheria ya 2015 ya kukinga watu na dhuluma za nyumbani inakuruhusu kuomba amri ya ulinzi kando. Unaweza kumtoa mtu wako kwa shtaka na bado korti imwambie asikuguze.

Jamaa, wewe nawe usitoke kortini ukiruka. Uliza karani faili imefungwa kwa kifungu gani. Ikiwa ni 204, umemaliza. Ikiwa ni 87(a), na hukuwa umefika hatua ya kujitetea, umeachiliwa tu, na kosa lile lile linaweza kukurudisha kizimbani.