Fisi maji wa ziwa letu si mmoja

Na Wilondja Alimasi

Mvuvi wa mji wa Baraka akikuta wavu wake umechanika, mshitakiwa amekwisha kujulikana: fisi maji. Mnyama huyo akitokeza kichwa hupigwa kasia, na akifa ngozi yake haikosi mnunuzi. Wiki hii nataka kumtetea, na naanza na jambo tunalolipuuza kila siku. Ziwa Tanganyika lina fisi maji wa aina mbili, na maisha yao hayafanani.

Kuna yule mdogo, mwenye madoa meupe kooni na kifuani. Uzito wake ni kilo 3 hadi 6 hivi, na urefu wake, ukiujumlisha na mkia, ni kama mita moja. Miguu yake ina kucha, na ngozi imeunganisha vidole kama vya bata. Huyu huwinda kwa macho, zaidi mchana, akifukuza samaki wadogo kwenye maji maangavu ya kando kando. Mawe ya rasi ya Ubwari yanayoshuka moja kwa moja majini ni mahali pa kumfaa kabisa. Hapandi mbali nchi kavu, wala hana shughuli na kilindi cha ziwa letu, ambacho hufika mita 1,470. Sasa tujiulize: ndagala wanaovuliwa usiku kwa taa, mbali na ufuko, ameibaje yeye? Nyavu za kutega karibu na miamba huzisogelea kweli, na samaki aliyenaswa humvuta. Lakini humo humo naye hunaswa, akakosa pumzi na kufa, kwa sababu ni mnyama wa kuvuta hewa kama sisi.

Mwingine ni mkubwa, kilo 10 hadi 20 na zaidi, na akijinyoosha anaweza kufika mita moja na nusu. Vidole vyake vya mbele havina kucha. Navyo hupapasa chini ya mawe na ndani ya tope, akatoa kaa, vyura na konokono. Makao yake ni matete, vinamasi na midomo ya mito, na hupanda mto akaenda mbali na ziwa. Huko Afrika Kusini jamaa zake huwinda hata baharini. Palipo na watu wengi hujificha mchana, akatoka magharibi na usiku. Chakula chake kikubwa ni kaa, na sijaona mvuvi wetu aliyefilisika kwa ajili ya kaa.

Magharibi ya ziwa, katika misitu ya bonde la mto Kongo, kuna mwingine tena asiye na kucha za mbele, ambaye wataalamu wengi humhesabu kuwa aina yake peke yake. Duniani wako aina 13 au 14, kutoka yule mdogo wa Asia asiyezidi kilo 5, hadi yule wa Amazon mwenye karibu mita 1.8, na yule wa Bahari ya Pasifiki anayeweza kupita kilo 40. Wote ni ukoo mmoja na nyegere na kicheche. Hao watatu wa nchi yetu ya Kongo wamewekwa na Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Mazingira, IUCN, katika kundi la wanaokaribia hatari.

Linaloniuma zaidi ni udongo. Vilima vyetu vinakatwa miti kwa makaa na mashamba, na kila mvua kubwa inashusha tope hadi ufukoni. Yule mkubwa anaweza kupapasa tope akapata riziki. Yule mdogo anahitaji kuona. Maji yakichafuka, yeye ndiye wa kwanza kulala njaa, na samaki wadogo wa kwenye mawe wanapungua pamoja naye. Samaki hao ni wetu pia.

Najua hali ya watu wa eneo letu la Fizi. Vita vimetuhamisha mara nyingi, na ziwa lilipopanda mwaka 2024 nyumba za ufukoni ziliingia maji. Mtu aliyepoteza shamba atalima penye nafasi, hata kama ni ndani ya matete. Simlaumu. Lakini matete ndiyo yanayochuja tope la mto kabla halijafika ziwani, na humo samaki wengi hukulia.

Kwa hiyo nazigeukia komite za wavuvi. Nchi nne zinazozunguka ziwa zilitia sahihi mkataba wa kulitunza mwaka 2003, lakini mkataba hauwezi kulinda mdomo wa mto Mutambala bila watu wa hapa. Ukanda wa matete kwenye midomo ya mito uachwe, usikatwe wala kuchomwa. Chandarua kisivutwe tena ufukoni kukusanya vitoto vya samaki. Nyavu za kutega zisiwekwe kando ya miamba mchana, wakati yule mdogo anawinda. Na atakayemwona fisi maji aangalie kwanza koo na vidole kabla ya kuinua kasia. Mvua zinaanza Septemba. Komite zikutane kabla ya hapo.