BASTOLA KIUNONI, AKILI KAUNTA!

Ndugu msomaji, unawajua. Jamaa anaingia baa, anainua shati kidogo ili kila mtu aone mpini, kisha anaagiza bia. Wahudumu wanamwita bosi. Mimi namwita hatari!

Tusidanganyane. Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015 inadai leseni, lakini leseni ni karatasi, haizuii kidole. Chukua Glock 19, bastola ya Austria inayofichika chini ya shati. Magazini yake inabeba risasi 15, na pembeni haina kitufe cha usalama. Kinga ipo kwenye kifyatulio chenyewe: ukikivuta, imelia! Ndiyo maana hukaa kwenye mfuko mgumu unaofunika kifyatulio, si kuchomekwa kwenye suruali kama kisu cha muuza machungwa.

Halafu kuna kuisafisha. Ili kuifungua, lazima uvute kifyatulio. Hapo ndipo mjuaji huua mtu: anachomoa magazini, anadhani amemaliza, kumbe risasi moja imebaki kwenye chemba. Chomoa magazini kwanza, vuta sehemu ya juu nyuma, tazama chemba kwa macho, ipapase kwa kidole. Mtutu uelekee pasipo na mtu. Risasi zikae chumba kingine.

Kijana mwenzangu, kigogo akiweka "chuma" mezani, usishangilie. Hama meza! Ikilia kwa bahati mbaya, yeye atatafuta wakili. Wewe utatafutiwa sanda.