Dhamana Isiwe Ngao ya Wenye Nguvu



Katiba ya India ya mwaka 1950 ilipiga marufuku desturi ya kuwahesabu watu fulani kuwa najisi wasioguswa. Lakini desturi ya karne nyingi haifi kwa wino. Ndiyo maana mwaka 1989 Bunge la nchi hiyo lilitunga sheria ya kuzuia ukatili dhidi ya Wadalit na watu wa makabila yaliyosetwa. Kifungu chake cha 18 kinamnyima mtuhumiwa dhamana ya kabla ya kukamatwa.

Wapo wanaolalamika kwamba kifungu hicho ni kikali mno. Sisi twawaambia: kitazameni kwanza kijiji. Mara nyingi mtuhumiwa ndiye mwenye shamba analolima mlalamikaji. Ndiye mkopeshaji wake, na kisima kiko upande wake. Mtu huyo akiachiwa siku ya tatu, hahitaji kumpiga shahidi. Yatosha apite polepole mbele ya nyumba yake. Shahidi atakumbuka watoto wake wanachota maji wapi, naye atasahau alichokiona. Mwaka 1995 Mahakama ya Juu iliitambua hatari hiyo ya vitisho, ikakubali kuwa kifungu cha 18 ni halali.

Hata hivyo, Machi 2018 mahakama hiyohiyo ililegeza sheria, kwa hoja kwamba inatumiwa vibaya. Wadalit wakaingia barabarani tarehe 2 Aprili, na watu kadhaa wakapoteza maisha. Bunge likarekebisha sheria mwaka huohuo, na Februari 2020 Mahakama ikayathibitisha marekebisho hayo, ikiacha mlango mdogo kwa shauri lisilo na msingi hata kwa kulitazama. Je, ni sheria gani isiyoweza kutumiwa vibaya? Mbona sheria ya wizi haikulegezwa kwa sababu wapo wanaosingiziwa wizi?

Tena, kifungu cha 15A, kilichoongezwa kwa marekebisho ya mwaka 2015, kinamtaka mwathirika apewe taarifa na asikilizwe kabla ya dhamana kuamuliwa. Huko Rajasthan, mtuhumiwa wa mauaji alipewa dhamana pasipo ndugu wa marehemu kujulishwa. Ndugu huyo alikwenda hadi Mahakama ya Juu, nayo Oktoba 2021 ikaifuta dhamana hiyo, ikisema kuwa taarifa hiyo ni lazima. Alishinda, lakini ni maskini wangapi watakaofika huko?

Mtatuuliza: je, mshtakiwa si mtu asiye na hatia mpaka ithibitishwe? Ndiyo, na hatusemi kinyume. Padre Stan Swamy, Mjesuiti mwenye umri wa miaka 84, aliyewatetea watu wa makabila ya asili, alifariki Julai 2021 akiwa bado mahabusu, akingojea dhamana katika kesi ya sheria nyingine. Mzee mgonjwa alionekana hatari, huku mwenye nguvu kijijini akionekana mtu wa kuaminika. Haki haidai kila mshtakiwa afungiwe. Yadai hakimu aulize: huyu akitoka leo, nani atalala kwa hofu? Kisha aandike sababu zake. Na kesi iende haraka: sheria yenyewe inataka iishe ndani ya miezi miwili, kadiri iwezekanavyo, tangu hati ya mashtaka kuwasilishwa.

Wala Kanisa lisinyoshe kidole kwa wengine tu. Amri ya Rais wa India ya mwaka 1950 haiwahesabu Wakristo katika orodha ya matabaka yaliyosetwa, hivyo Mdalit aliyebatizwa hupoteza kinga hii, ingawa jirani yake hambagui kidogo kuliko jana. Na Desemba 2016 maaskofu Wakatoliki wa India walikiri kwa maandishi kwamba ubaguzi huo umo hata ndani ya Kanisa.

Ninyi viongozi wa walei mnaosoma haya, jiulizeni. Mnyonge wa jumuiya yenu anapokwenda mahakamani, nani humsindikiza? Nani humlinda shahidi usiku mtesi wake anaporudi nyumbani? Tusipokuwa na jibu, tusimlaumu hakimu peke yake.