Mtoe boti, mtu akae

Nianze na jambo lenyewe, maana sisi tunapenda sana kuzungukazunguka. Katika ukumbi wetu wa vijana hapa Nakivale kuna kompyuta nne zinazoweza kubeba mchezo wa Left 4 Dead 2. Mchezo ni wa watu wanne. Lakini jioni nyingi utakuta wamekaa wawili tu, viti viwili vitupu, na nyuma yao wamesimama vijana saba au wanane wakitazama. Ukiuliza mbona viti havina watu, unajibiwa: "Hapo kuna boti." Sisemi boti ya ziwani. Boti ni mchezaji anayeendeshwa na kompyuta yenyewe, anayejaza nafasi ya mtu ambaye hayupo. Lakini bana, mtu si yupo? Amesimama nyuma yako, pumzi yake inakugusa shingoni.

Mimi nasema hiyo ni aibu. Kwa mdomo nimeshasema mpaka nimechoka, sasa naandika.

Wazee na wamama wasioujua mchezo huu niwaeleze kidogo. Ulitoka Novemba 2009, umetengenezwa na kampuni ya Valve ya Marekani. Kwa hesabu za kompyuta huo ni mchezo mzee, na ndiyo sababu mashine zetu zilizochoka zinauweza. Hadithi ni hii: ugonjwa umeingia, waliougua wamegeuka zombi, wanakimbia kwa makundi na kumrukia kila aliye mzima. Watu wanne wasiojuana wanakutana juu ya paa la hoteli mjini Savannah, na helikopta za kuwaokoa zinaondoka wakiziangalia. Mmoja ni Coach, mwalimu wa michezo mwenye mwili mkubwa. Mwingine ni Nick, mcheza kamari asiyemwamini mtu. Yuko Rochelle, mfanyakazi wa televisheni, na Ellis, fundi magari mwenye maneno mengi. Hawakuchaguana. Barabara ndiyo imewaunganisha, na lengo lao ni moja, kufika mahali penye usalama. Mnaosoma gazeti hili, nani kati yenu anahitaji nimweleze zaidi?

Sasa angalieni sheria za mchezo, maana hoja yangu yote iko ndani yake. Kuna zombi anaitwa Hunter. Anaruka kutoka mbali, anakulaza chini, anakupasua. Ukishalazwa huwezi kujitoa, hata uwe bingwa wa mabingwa. Lazima mwenzako aje amsukume au ampige risasi. Kuna mwingine, Smoker, ana ulimi mrefu kama kamba, anakuvuta mpaka nyuma ya nyumba. Hapo pia bila mwenzako umekwisha. Ukipigwa mpaka ukaanguka, unabaki chini na bastola, afya inavuja, na huinuki mpaka mkono wa mtu mwingine ukuinue. Ukiwa umeshainuliwa mara mbili bila kutibiwa, ukianguka mara ya tatu umekufa. Hata kifo hakikutoi kabisa: baadaye, mbele ya safari, wenzako watasikia mtu anaita kutoka ndani ya chumba kilichofungwa. Ni wewe. Wakifungua mlango, umerudi. Wasipofungua, unabaki humo.

Huo ndio mchezo. Waliouunda walikaa wakafikiri jinsi ya kumzuia mtu kushinda peke yake, wakaweka kila aina ya kikwazo ili umhitaji jirani. Halafu sisi, watu ambao hakuna hata mmoja aliyefika hapa peke yake, tunauchukua mchezo huo huo na kuufanya chama cha watu wawili.

Najua majibu yao. Nimeyasikia yote, nitayapitia moja moja.

La kwanza: "Boti anatosha, naye pia anaokoa." Ni kweli boti atakuinua ukianguka. Hata risasi anapiga vizuri. Lakini waulizeni mabingwa wetu mbona mara nyingi wanakwama katika sura ya mwisho ya safari ya kwanza, ile ya ndani ya jengo la maduka. Pale kuna gari la mashindano ambalo halina mafuta. Ili kutoroka lazima mkusanye madumu 13 ya petroli yaliyotawanyika ghorofa zote, muyabebe moja moja, mumimine kwenye tangi, huku zombi wanamiminika. Boti habebi dumu. Ataligusa kwa mguu apite. Chupa ya moto pia harushi, hata kundi likiwa linakuja mbele yake. Kwa hiyo mabingwa wawili wanahangaika na madumu 13, na nyuma yao wamesimama watoto waliobeba bido za maji tangu wakiwa na miaka mitano! Mtoto aliyejifunza juzi kutembeza mausi anajua kuokota bido na kukimbia. Hilo boti hatalijua mpaka mwisho wa dunia.

La pili: "Wapya wanaharibu." Wanapiga wenzao risasi. Wanapiga gari lenye king'ora, kundi zima linaamka. Wanamulika tochi kwenye uso wa yule Witch, mwanamke anayelia gizani, naye akiamka anakuangusha kwa pigo moja. Sawa, wanaharibu. Lakini haya yote yanafundishwa kwa sentensi tatu za Kiswahili: usipite mbele ya bunduki ya mwenzako, usipige gari linalowaka taa, ukisikia mwanamke analia zima tochi. Dakika moja! Tena mchezo wenyewe unamsaidia asiyejua Kiingereza. Mwili wa mwenzako umezungukwa na mstari wa mwanga unaouona hata ukuta ukiwa katikati, kwa hiyo unajua nani yuko wapi na nani ameanguka. Na kuna ngazi ya kwanza, rahisi, iliyowekwa kwa ajili ya mwanafunzi. Ngazi ngumu kuliko zote haijaandikwa katika sheria za ukumbi kwamba ni lazima. Mmeichagua ninyi, kisha mnamlaumu mgeni kwamba haiwezi.

Jambo la tatu ndilo linaloniumiza zaidi: kura ya kumtoa mtu. Mchezo umeweka kura hiyo. Yeyote anaweza kuiitisha, na wengi wakikubali, mtu anatupwa nje. Iliwekwa kwa sababu inayoeleweka. Ukicheza kwenye intaneti na watu usiowajua, anaweza kuingia mhuni anayewapiga wenzake risasi kwa makusudi, na lazima pawe na njia ya kumwondoa. Lakini vijana wetu wanajua vizuri kura hiyo inavyotumika. Wakipata bando wanajiunga na michezo iliyofunguliwa Ulaya. Kutoka hapa mpaka huko ni mbali, pingi inapita 150, mwili wako unarukaruka kwenye kioo cha wengine. Hakuna anayeuliza uko wapi. Hakuna anayesubiri. Kura inaitishwa, umetoka. Nimewaona wakitoka kwenye kiti wamekasirika, wanasema wazungu hawa hawana utu, hata hujakosea kitu wanakufukuza kwa sababu ya mahali unapokaa.

Kweli kabisa. Nakubaliana nao neno kwa neno. Sasa nawauliza: kesho yake, mtu mpya akikaa kwenye kiti cha tatu, nani anasema "Tumutoshe huyu, anatuharibia"? Si ninyi? Tena humu ukumbini hata kisingizio cha pingi hatuna. Kompyuta zetu zimeunganishwa kwa waya. Moja inakuwa mwenyeji, nyingine zinajiunga, hakuna bando linalokatwa, hakuna bahari katikati. Umbali kati ya mabingwa na huyo mgeni ni mita moja, na bado kura inaitishwa. Mlichofanyiwa na watu wa mbali mnamfanyia mtu ambaye magoti yenu yanagusana.

Jibu la nne linatoka kwa wazee, na hilo sitalipuuza. Wanasema: "Hawa watoto wametoka kuona maiti za kweli. Mnawawekea tena maiti na bunduki?" Wazee wetu, hapo mna haki ya kuuliza. Wapo watakaotazama dakika mbili na kuondoka, na wasilazimishwe. Mtoto mdogo asikalishwe kabisa. Asiyetaka mlio wa risasi kuna meza ya drafti na kuna vitabu. Lakini kumwuliza mtu ni jambo moja, kumwamulia ni jambo lingine. Wengi waliosimama nyuma ya viti wamesimama kwa hiari yao, kila jioni, na wanasubiri. Na mabingwa wasichukue neno la wazee na kulifanya ngao. Kama mchezo unadhuru, unawadhuru na wao pia. Haiwezekani uwe sumu kwa mgeni na chai kwa mwenyeji.

Nafika sasa kwenye kiini, maana najua kuna msomaji anasema: haya yote kwa ajili ya mchezo wa watoto?

Mwishoni mwa Januari 2025 Goma iliangushwa. Katikati ya Februari ikafuata Bukavu. Tangu hapo watu wameendelea kufika, na hapa kambini yamezaliwa makabila mawili mapya ambayo hayamo kwenye kitabu chochote: wa zamani na wapya. Wa zamani wana kiwanja, wana namba, wana binamu anayejua ofisi gani inafunguliwa saa ngapi. Wapya wana turubai. Msaada wa chakula umepunguzwa, na kila mpya anayeshuka kwenye lori anatazamwa kama mkono mwingine ndani ya sahani. Sitawadanganya kwamba hofu hiyo haina msingi. Sahani ikigawanywa, inapungua. Foleni ya bomba ikiongezeka mtu, unachelewa.

Lakini kiti cha tatu na cha nne havipungui kwa kukaliwa. Hiyo ndiyo tofauti, na ndiyo sababu siwezi kunyamaza. Hapa kuna kitu kimoja ambacho mgeni akikipata, mwenyeji hapotezi chochote, tena anapata mbebaji wa madumu. Umeme ni ule ule. Kompyuta ni ile ile, inawaka kwa ajili ya boti hata hivyo. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone, na sijawahi kuona mahali ambapo methali hiyo inafanya kazi wazi kuliko kwenye mchezo ambao mwenyeji amelazwa chini na Hunter. Tukishindwa kufungua mlango pale ambapo kuufungua hakuna gharama, tutaufungua vipi pale penye gharama? Tukikataa kiti, tutagawana nini?

Na mchezo wenyewe unatusuta. Kila sura, isipokuwa ya mwisho, inaishia kwenye chumba salama chenye mlango wa chuma, na kuta za vyumba hivyo zimejaa maandishi ya waliopita: huyu anamtafuta ndugu yake, huyu anaonya njia, huyu anabishana na aliyeandika juu yake. Karibu na mwisho wa safari, huko New Orleans, wale wanne wanafikia jeshi kwa redio, na jambo linalowashughulisha wanajeshi ni kama watu hawa ni wabebaji wa ugonjwa. Sote tumewahi kusimama kwenye mlango tukiulizwa tumebeba nini kabla ya kuulizwa tumechoka kiasi gani. Mtu aliyeulizwa hivyo hana haki ya kukaa nyuma ya mlango wa chuma na kumwuliza mwenzake vile vile.

Basi nisiishie kwenye kulalamika. Napendekeza mambo manne kwa kamati ya ukumbi, na naomba yabandikwe ukutani.

Moja: boti hakai kama kuna mtu amesimama.

Mbili: tubadilishane kwenye chumba salama. Safari ya Savannah ina sura nne. Wanaanza wanne, na kila sura ikiisha wawili wanainuka, wawili wanakaa. Mpaka mwisho watu kumi wamecheza, badala ya wawili. Kila zamu abaki angalau mmoja anayejua, ndiye atakayeongoza.

Tatu: kura ya kumtoa mtu ni marufuku humu ndani. Anayewapiga wenzake kwa makusudi ataongea na msimamizi uso kwa uso, kama mtu.

Nne: mabingwa wapewe saa zao za Jumamosi jioni, wacheze ngazi ngumu wanavyotaka, nasi tutakaa kuwashangilia. Siwachukii. Wao ndio walimu tulio nao, na mwalimu bila mwanafunzi ni mtu anayeongea peke yake.

Kuna watakaosema nimeukuza mchezo ukawa siasa. Sikuukuza mimi. Anayeamua nani akae na nani asimame ameshafanya siasa, hata kama mkononi ameshika mausi. Mimi naomba tu siasa hiyo iwe ya watu. Kamati inakutana Jumatano. Aliyesimama nyuma ya viti na aje, aseme kwa mdomo wake. Nami nitakuwepo.