Diploma iliyoungua isimfungie kijana mlango wa chuo kikuu

Kila mwaka, wakati wa kujiandikisha katika vyuo vikuu vya mashariki mwa Kongo, kijana anaombwa diploma ya Leta, bulteni za sekondari na karatasi ya kuzaliwa. Kwa aliye nyumbani kwao, ni kufungua sanduku tu. Kwa aliyekimbia usiku akisikia masasi, sanduku limebaki kule, na pengine nyumba yenyewe imeungua. Bila karatasi, anarudishwa mlangoni. Mwaka unapita, na mwaka unaofuata pia.

Wahamaji wengi wa vita wanaona kwamba hapo hakuna la kufanya: kanuni ni kanuni. Si kweli. Kanuni ya kupokea wanafunzi imeandikwa na watu, na juji anaweza kuiuliza kama ni ya haki.

Afrika Kusini walishafika huko, kwa upande wa shule. Katika jimbo la Eastern Cape, watoto 37 wa shule moja walikataliwa kwa kukosa karatasi. Mwaka wa 2016 wakuu wa elimu wa jimbo walikuwa wametangaza kwamba shule zitapewa pesa kwa hesabu ya wanafunzi wenye namba ya kitambulisho peke yao. Jambo hilo likapelekwa mbele ya majuji. Tarehe 12 Desemba 2019, Tribinali Kuu ya Makhanda ilikata neno: kumfukuza mtoto kwa sababu hana karatasi ni kuvunja Katiba. Mkuu wa shule anapaswa kumpokea, na kama karatasi ya kuzaliwa haipatikani, akubali tamko la kiapo la mzazi au mlezi.

Majuji hawakusema karatasi hazina maana. Walisema kuna njia nyingine ya kuhakikisha mtu ni nani.

Kwa diploma ya Kongo, njia hiyo ipo tayari. Mtihani wa Leta ni mmoja kwa nchi nzima, na majina ya waliofaulu yanaandikwa katika palmaresi pamoja na asilimia zao. Karatasi ya kijana imeungua, lakini kufaulu kwake hakukuungua. Leta inajua nani alipita.

Vyuo vikuu vina sababu ya kuogopa diploma za bandia, maana zipo. Lakini dawa ya bandia ni kukagua, si kufukuza. Kijana aandikishwe kwa muda, jina lake litafutwe katika palmaresi, na asipoonekana hapo, atolewe. Kumwambia arudi kijijini kutafuta karatasi ni kumtuma kwenye vita. Mapatano ya Kampala, ambayo nchi za Umoja wa Afrika zilikubaliana mwaka wa 2009, yanakataza jambo hilo wazi: mhamaji asilazimishwe kurudi alikotoka ili apewe tena karatasi alizopoteza.

Nchini Kongo, Katiba ya 2006 katika kifungu cha 154 imeweka tribinali za utawala na Conseil d'État, ili maamuzi ya wakubwa wa Leta yaweze kupingwa. Ni kweli, kesi ni ndefu, avoka anataka pesa, na kwa familia inayolala chini ya hema tribinali iko mbali. Ndiyo maana juji awe mlango wa mwisho. Wakuu wa vyuo waweke kanuni ya uandikishaji wa muda wenyewe, bila kungoja kushitakiwa.

Kwa sasa, wazazi wasikubali jibu la mdomo. Kijana akikataliwa, waombe barua yenye sababu na sahihi. Waandike pia shule aliyomalizia, mwaka wa mtihani na namba yake kama wanaikumbuka. Neno la mlangoni hakuna juji anayeweza kulipima, barua anaweza.