Mto wa Sinema na Mto wa Nyumbani

Mpiga picha za sinema ana njia mbili: kuipeleka kamera mahali penyewe, au kupaigiza mahali hapo ndani ya studio. Mwamba wa Tororo hauigiziki kwa mbao na rangi hata mwenyeji akadanganyika. Lakini apigaye picha chini yake hutawaliwa na jua na mvua, na ngurumo za malori ya mpakani humharibia maneno ya waigizaji. Studioni jua halitui.

Filamu ya The African Queen, iliyotoka mwaka 1951, ilitumia njia zote mbili. Ni hadithi ya mashua ndogo katika Vita Kuu ya Kwanza. Mwongozaji John Huston aliwaleta Humphrey Bogart na Katharine Hepburn hadi Kongo na Uganda, kwenye Maporomoko ya Murchison. Watu wengi wa kundi lao waliugua, Hepburn akiwa mmojawapo. Takriban nusu ya filamu ilipigwa Afrika. Lakini pale ambapo waigizaji wanaonekana wamo majini, picha zilipigwa katika matangi ya studio ya Isleworth, Uingereza, kwa kuwa kuwatia katika maji ya mto wenyewe kulihesabiwa kuwa hatari mno.

Hapa pana fundisho kwa nyumba zetu. Mtoto wa Busia aendaye kuoga Ziwa Victoria, upande wa Majanji, hana tangi la studio. Hatari mojawapo humo ni kichocho. Vijidudu vyake hutoka kwa konokono wa majini, vikapenya ngozi bila mtu kujua. Huenda miezi ikapita kabla ya tumbo kuuma na damu kuonekana chooni. Maji usiyoyafika hujui wingi wake.

Basi, mama, tujitengenezee tangi letu. Maji ya ziwa yakikaa katika pipa safi lililofunikwa kwa siku mbili, vijidudu vya kichocho hufa, na yanafaa kuogea. Ya kunywa sharti yachemshwe. Choo kitumike, uchafu usifike majini. Nawe baba askari, uvukaye vinamasi kazini, kapimwe pamoja na watoto: dawa ya prazikwantel ipo, nayo huponya. Bogart alitoka majini akajifuta kwa taulo, yakaisha. Sisi maji yetu tunayarudia kila siku.