Aliambiwa arekebishe pua, akakataa

Mtoto anaporudi nyumbani akilia kwa sababu wenzake wamemwita "Mapua" au "Masikio", wazazi wengi humjibu haraka: "Achana nao, wewe ni mzuri." Maneno hayo ni mema, lakini mtoto hayaamini, kwa kuwa kesho yake anarudi darasani na kuitwa vilevile. Pengine angesaidika zaidi kwa kusikia habari za mtu aliyepita njia hiyo. Mmoja wao ni mwigizaji Lee Van Cleef.

Alizaliwa mwaka 1925 huko Somerville, New Jersey, Marekani. Alitumikia jeshi la majini katika Vita vya Pili vya Dunia, kisha akaingia kwenye michezo ya jukwaani. Huko ndiko alikoonwa na Stanley Kramer, mtayarishaji wa filamu ya High Noon. Inasimuliwa kwamba Kramer alitaka kumpa nafasi nzuri, ya msaidizi wa askari mkuu wa mji, kwa sharti moja: afanyiwe kwanza upasuaji wa pua, maana sura yake ilikuwa ya kijambazi mno. Van Cleef akakataa. Nafasi ile aliigiza Lloyd Bridges, yeye akapewa ya jambazi. Filamu ilipotoka mwaka 1952, sura yake ndiyo iliyoonekana kwanza, lakini hakutamka hata neno moja mpaka jambazi huyo anauawa.

Hapo mzazi anapaswa kuwa mkweli kwa mtoto: kukataa kule kulikuwa na gharama. Kwa miaka mingi Van Cleef alibaki jambazi wa pembeni, yule anayepigwa risasi mapema. Mwaka 1958 alipata ajali ya gari iliyomuumiza vibaya goti, na mwigizaji wa filamu za makauboi asiyeweza kupanda farasi vizuri hana kazi. Nafasi zikawa chache, akageukia uchoraji ili kupata riziki.

Mwaka 1965, mwongozaji Mwitalia Sergio Leone alikuwa akitafuta mtu wa kuigiza Kanali Mortimer katika For a Few Dollars More. Aliikumbuka sura ile kutoka filamu za zamani. Van Cleef, akiwa na miaka 40, akasimama sambamba na Clint Eastwood. Mwaka uliofuata akawa yule "mbaya" katika The Good, the Bad and the Ugly. Baada ya hapo Waitalia wakampa nafasi za juu, zikiwemo The Big Gundown na Sabata ya mwaka 1969. Pua ile ile, macho yale yale membamba, sasa ndivyo watu walivyolipia kiingilio kuviona. Alifariki mwaka 1989 akiwa na miaka 64.

Mzazi asimwahidi mtoto kwamba naye atatokewa na Leone wake. Wengi hawatokewi. Lakini Leone hakumkumbuka Van Cleef kwa sababu ya pua peke yake. Alimkumbuka kwa kuwa nafasi zile ndogo, hata ile isiyo na neno, zilifanywa vizuri. Hilo ndilo la kumfundisha mtoto: kazi ndogo ifanywe kana kwamba kuna anayeitazama.

La pili linawahusu wakubwa. Jina linalomuumiza mtoto mara nyingi halianzii shuleni, bali sebuleni. Mjomba humtania, shangazi hucheka, kaka zake hulibeba mpaka uwanjani. Likishafika huko, mwalimu hawezi kulizuia peke yake. Kazi hiyo ianze nyumbani: wageni na ndugu waambiwe kwa upole, mtoto akisikia, kwamba katika nyumba hii anaitwa kwa jina alilopewa na wazazi wake.